Mtani Aliyekuja Kumnakili Bibi

Kofia ililetwa ofisini kwangu asubuhi, ndani ya mfuko wa kaki kama maandazi. Aliyeileta ni kijana wa Mzee Maganga, yule anayefanya kazi kiwandani Zegereni, na macho yake yalikuwa yamevimba. Aligoma kukaa. Aliuweka mfuko juu ya rundo la mafaili akasema, "Dada, mzee katutoka alfajiri ya leo. Tunazika alasiri. Hii alisema upewe wewe, na akasema utajua mwenyewe cha kufanya."

Alipoondoka nikaufungua mfuko. Ilikuwa kofia yake ya pama, ile ya kahawia iliyotafunwa ukingo na panya wa kijijini Msimbu, na ilinukia vilevile ilivyonukia siku zote: ugoro, jasho, na moshi wa tanuri la mkaa ambao haujatoka ingawa mwenyewe aliacha kuchoma mkaa miaka mingi iliyopita. Nikaisogeza puani. Kisha nikacheka, tena kwa sauti. Mwenzangu wa meza ya pili, ambaye alikuwa amesikia kila neno, alinitazama kama mtu aliyekosa malezi. Sikuwa na namna ya kumweleza. Yeye kazaliwa mjini, na misiba anayoijua ni ya turubai na maikrofoni.

Mimi nafanya kazi masijala hapa Kibaha. Nusu ya mafaili ninayoyatunza ni ya watu walioko kaburini, na ndani ya kila faili mna jina, namba, na kipicha kimoja ambacho mtu katoa macho kama kakamatwa na mgambo. Misibani nako siku hizi inasomwa risala iliyochapwa: marehemu alikuwa mcha Mungu, alipenda watu wote, ameacha pengo lisilozibika. Nimezisikiliza risala hizo mpaka nikahisi anayekufa ni mtu mmoja tu, ila kila wiki anabadilishwa jina. Kwetu Kisarawe, nilipokuwa mdogo, kazi ya kumkumbuka mtu hawakuachiwa wachapaji. Alikuwa nayo mtani.

Sisi Wazaramo na Wanyamwezi ni watani tangu enzi za mababu, enzi za misafara. Mtani anaweza kukutukana ukiwa hai na huna ruhusa ya kukasirika. Ukifa, huyohuyo ndiye anayekuja siku ya kuanua matanga, anavaa nguo zako, anatembea ulivyotembea, anasema ulivyosema, mbele ya wanao, wakwe zako na shehe. Watu wanalia huku wanacheka. Bibi yangu alikuwa akisema kwamba mtu asiyeigizwa na mtani hajafa, kapotea tu. Hayo yote niliyajua nikiwa na miaka minane, na niliyaelewa vibaya kabisa.

Mwaka huo mama alijifungua mdogo wangu hapa Kibaha, uzazi wa taabu, nami nikapelekwa Msimbu kwa mama yake, Bibi Tatu, nisome huko mpaka mambo yatulie. Bibi alikuwa mjane, mfupi, mlima mihogo na mananasi. Alitembea mkono wa kushoto ukiwa nyuma kiunoni, kana kwamba anakizuia kisimtoroke. Aliniita mke mwenzangu, kama mabibi wanavyowaita wajukuu wao wa kike, na tuligombania shuka kama wake wenza kweli. Kabla ya kuingia nyumbani kwake mwenyewe, ambamo hamkuwa na mtu zaidi yetu sisi wawili, alisimama mlangoni akakohoa na kuita, "Hodi! Wenyewe mpo?" Alisubiri kidogo. Halafu akajijibu "Karibu," akaingia. Na lolote lililotokea duniani, mvua ikinyesha, mwewe akibeba kifaranga, jirani akioa mke wa pili, yeye alisema, "Si nilisema?" Hakuwa amesema. Hata siku moja.

Na alikuwa na kawa. Unajua kawa lilivyo, kile kifuniko cha ukindu cha kufunikia chakula. La kwake lilikuwa la rangi nyekundu iliyopauka. Wageni wakija kula, Bibi alisema kwa ukarimu wote, "Ongeza, mwanangu, ongeza, jaza sahani, usione haya," na wakati huohuo mkono wake wa kulia ulikuwa unalishusha kawa juu ya chungu, polepole, hata mgeni akinyoosha mkono anakuta pamekwisha fungwa. Mdomo wake na mkono wake havikuwahi kukubaliana. Nilidhani ni mimi peke yangu niliyeliona jambo hilo, nikalitunza kama siri ya ukoo.

Jirani yetu alikuwa Mzee Maganga, Mnyamwezi aliyekuja kutoka Tabora akiwa kijana, akachoma mkaa, akapata shamba, akaoa, asirudi tena kwao. Alivuta ugoro na kupiga chafya mbili mfululizo; ya tatu ilikuwa ikichelewa, na watu wote waliokuwa karibu waliacha mazungumzo wakaisubiri. Kila asubuhi akipita njiani Bibi alimpigia kelele, "Wewe mbeba mizigo! Wenzako walishusha pembe za tembo wakarudi kwao, wewe umebakia kutafuta nini?" Naye alijibu bila kusimama, "Nimebakia kuwalimia Wazaramo. Nyinyi ngoma ikilia, jembe mnaliacha lilime lenyewe." Nilidhani wanachukiana. Ilinishangaza kwamba kila jioni alikuja kula kwetu, ingawa alikuwa na mke nyumbani.

Basi, Bibi alikuwa na kaka yake, Babu Shomari, mzee aliyeburuta mguu wa kushoto na aliyekuwa akitafuta miwani yake huku kaivaa. Babu akaugua kifua. Mzee Maganga akaenda kumjulia hali, akakaa naye barazani mchana kutwa, na mimi nilikuwepo nakula embe bichi kwa chumvi.

"Mtani," akasema, "hebu inuka utembee mpaka kwenye mlimao, nikuone."

Babu akainuka, akauburuta mguu mpaka kwenye mlimao na kurudi.

"Rudia."

"Mbona wanichosha, Mnyamwezi we?"

"Mguu huo sijaukamata vizuri."

Babu Shomari akacheka mpaka akakohoa, kisha akarudia. Nikamwona Mzee Maganga anatikisa kichwa kwa kuridhika, kama fundi aliyemaliza kupima nguo. Siku ya nane yake Babu Shomari akafariki.

Siku ya kuanua matanga, shehe alipomaliza dua tu, tukasikia mguu unaburutwa nje. Sauti ya Babu Shomari ikaita, "Nani kachukua miwani yangu?" Akaingia. Kanzu ni yake, kofia ya kiua ni yake, miwani iko usoni. Akaitafuta chini ya mikeka, akaitafuta ndani ya vikapu vya akina mama, mwishowe akamwomba shehe ainuke kidogo, huenda kaikalia. Wanawake waliangukiana kwa kicheko. Bibi alicheka huku machozi yanamchuruzika hadi kidevuni. Shehe aligeukia ukutani, mabega yakitikisika. Mimi peke yangu sikucheka. Nywele zilinisimama, kwa sababu niliona wazi kwamba Babu Shomari kahamia ndani ya mtu mwingine.

Nikalifikiri jambo hilo kwa akili yangu yote ya darasa la pili. Shuleni kwetu ubao ulikuwa mmoja na mdogo. Mwalimu aliandika, sisi tukanakili, kisha akauliza, "Mmemaliza?" Tukijibu ndiyo, anafuta. Aliyekuwa nyuma ilibidi apige kelele, "Mwalimu, bado!" naye mwalimu anaacha. Jibu nikalipata. Mzee Maganga alimnakili Babu Shomari, akamaliza, Babu akafutwa. Hapakuwa na mtu wa kupiga kelele kwamba bado.

Ndipo Mzee Maganga, akiwa anaondoka, alipomsimamia Bibi mbele, akaiweka sawa kofia yake ya pama, akasema, "Mtani, katika ukoo huu mkubwa sasa ni wewe. Alhamisi nakuja nikae, nikutazame vizuri."

"Njoo tu," Bibi akajibu. "Utaniweza wapi?"

Watu wakacheka. Mimi niliishika khanga ya Bibi kwa mikono miwili.

Tulirudi nyumbani. Bibi alipiga hodi, akajikaribisha, akakaa chini kumenya mihogo, na ganda lilikuwa linatoka nene kuliko kawaida yake. "Mke mwenzangu," akasema, "umeyaona? Shomari kalea watoto tisa. Msikiti ule kabeba matofali yake kichwani. Leo anakumbukwa kwa miwani."

Nikaendelea kuokota maganda.

"Mimi huyu Mnyamwezi ataniumbua kwa kawa." Nilishtuka, maana sikujua kwamba anajua. Akakitupa kipande cha muhogo ndani ya beseni. "Mtu unazaa, unalima, unauguza, unazika, unafunga na kuswali, halafu watu wakukumbuke kwa kifuniko! Alhamisi kawa lisionekane, unasikia?"

Nikaahidi kwa moyo wangu wote. Yeye alikuwa anaficha aibu, mimi nilikuwa naficha uhai wake, lakini kwa siku hiyo tulikuwa chama kimoja.

Alhamisi kawa lililala uvunguni mwa kitanda. Bibi alichinja jogoo, yule aliyempa jina la shemeji yake waliyekosana, na akampakulia Mzee Maganga upawa kwa upawa huku chungu kikiwa wazi na nzi wakifurahi. Ila mkono wake wa kulia haukuwa na raha. Kila aliposema "Ongeza," mkono ulipapasa hewani juu ya chungu, ukitafuta kitu ambacho hakikuwepo.

"Mtani, mkono huo una nini?" Mzee Maganga akauliza, mdomo umejaa.

"Baridi yabisi," Bibi akasema, akaukalia.

Nami nilikuwa na kazi yangu. Mzee Maganga alipoeleza kwamba daraja la bondeni limekatika, Bibi akafungua mdomo, "Si nili..." nami nikapiga ukelele kama nimeumwa na siafu. Aliposema kwamba bei ya mananasi imeshuka, "Si ni..." nikaupiga teke mtungi. Mara ya tatu Bibi alinishika kidevu, akanitazama macho, akasema mtoto huyu ana minyoo. Nikanyweshwa kikombe kizima cha mwarobaini mbele ya mgeni. Nilikinywa bila kulia. Nilijua nakinywa kwa ajili ya nani.

Bibi alipoingia ndani kuswali alasiri, Mzee Maganga aliniita nje.

"Njoo hapa, mtani mdogo. Bibi yako mkiwa wawili tu, anatembeaje?"

Hiyo ndiyo nafasi niliyokuwa naiombea. "Anatembea haraka," nikasema. "Kama askari. Mikono hivi, hivi."

"Kumbe!"

"Na akishangaa anasema 'Samahani.'"

"Tatu? Samahani?"

"Kila saa. Na chakula anagawa chote, sisi tunalala njaa."

"Maskini weee."

"Na jioni anawaimbia mbuzi."

"Mbuzi gani? Nyinyi hamna mbuzi."

"Wa jirani."

"Jirani ni mimi."

Nikafikiri haraka. "Anawaimbia wewe ukiwa umelala."

Mzee Maganga akaivua kofia, akajifuta nayo uso mzima, akakaa nayo hivyo usoni kwa muda mrefu, mabega yanapanda na kushuka. Niliona joto limemzidi. Alipoiondoa macho yalikuwa yamelowa. "Haya," akasema. "Nimeyashika. Askari, samahani, kugawa, mbuzi."

Nikamuuliza swali nililokuwa nalo tangu msibani. "Umemaliza?"

Akanitazama. Sijui aliona nini usoni pangu, lakini utani ulimtoka kidogo. "Aa," akasema. "Bado. Bado sana."

Nikapumua kwa mara ya kwanza wiki ile.

Bibi aliishi miaka mitano baada ya hapo, na miaka yote mitano niliihesabu kuwa ni kazi ya mikono yangu. Nilirudishwa Kibaha, lakini kila likizo nilipokwenda Msimbu, kabla hata ya kumaliza chai ya kwanza, nilikimbilia kwa Mzee Maganga kumpelekea uongo mpya. Nikamwambia Bibi anaogopa mananasi. Nikamwambia analala amesimama. Alipokea yote, akauliza maswali ya kiufundi, kwa mfano kama akilala amesimama anaegemea ukuta gani, na kila mara nilimuuliza kama amemaliza, naye akasema bado sana.

Nilipofika darasa la saba niliacha. Nilikuwa msichana mkubwa, nimesoma sayansi, najua mtu anakufa kwa nini. Likizo ile nilimpa Mzee Maganga shikamoo, nikapita zangu. Haukupita mwezi Bibi akashikwa na homa, siku mbili tu, akafariki. Jambo la kwanza lililonijia kichwani, Mungu anisamehe, wala halikuwa sura ya Bibi. Lilikuwa kwamba mara ile sikumpelekea mtani uongo wowote.

Nyumba ilijaa. Siku ya kuanua matanga shehe, yuleyule, alisoma dua, watu wakaitikia, kisha wakageuka mlangoni wanasubiri. Mzee Maganga akaingia amejifunga khanga za Bibi. Aliingia kwa mwendo wa askari, mikono hivi, hivi. "Samahani!" akasema, akamkanyaga mtu. "Samahani! Samahani!" Akajifanya ana chungu, akawagawia watu wote mpaka akakikung'uta. Akaogopa nanasi. Akasimama katikati ya mkeka akawaimbia mbuzi, wimbo mzima, na maitikio ya mbuzi akayatoa yeye.

Hakuna aliyecheka. Mmoja wawili walijikohoza kwa adabu. Watu wakatazamana. Mama mmoja nyuma yangu akanong'ona, "Huyu ni nani anayeigizwa?" Mwingine akamjibu, "Mtani kazeeka, kachanganya misiba." Mama yangu aliinamisha kichwa, na niliona uso wake umekunjamana kwa uchungu, maana alikuwa ametoka Kibaha kuja kumwona mama yake kwa mara ya mwisho na aliletewa mtu mwingine. Mzee Maganga hakukoma. Alirudi mwanzo, akaanza tena kama askari.

Mimi nilikuwa naungua. Bibi alikuwa anakufa mara ya pili mbele ya macho yangu, na mara hii anakufa kwa mikono yangu mwenyewe. Nikajikuta nimesimama.

"Sivyo!"

Akasimama papo hapo, mguu mmoja juu. "Sivyo vipi? Mimi nimeambiwa na mtu wa ndani."

"Nilikudanganya! Yote nilikudanganya!"

"Ah. Sasa mimi nitafanyaje, binti? Sijui kingine." Akazifungua khanga kiunoni, akaninyooshea. "Alikuwa anatembeaje?"

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu, umri ambao ukitazamwa na watu watatu unataka ardhi ipasuke, na mle mlikuwa na watu zaidi ya themanini. Nikazichukua khanga. Zilikuwa bado zina harufu yake. Nikatoka nje mpaka kizingitini, nikaupeleka mkono wa kushoto nyuma ya kiuno, nikakohoa.

"Hodi! Wenyewe mpo?"

Nikasubiri kidogo, kama alivyokuwa akisubiri. Na kabla sijajijibu, nyumba nzima ikaitikia, "Karibu!"

Nakumbuka nilisimama pale nikashindwa kuingia. Wote walikuwa wanajua. Kila mtu aliyewahi kupita njia ile alikuwa amemsikia bibi kizee anajibishana na nyumba tupu, na walikuwa wameliweka jambo hilo mahali, kila mmoja kwake. Nikaingia. Nikatembea kwa kiuno chake kati ya mikeka, mwewe akabeba kifaranga, nikasema, "Si nilisema?" Mama yangu alitoa sauti ambayo sijawahi kuisikia tena kutoka kwake, nusu kicheko, nusu kilio, akampiga jirani yake paja. Nikaendelea. Nikagombania shuka. Nikamtukana jogoo kwa jina la shemeji, na shemeji mwenyewe, aliyekuwa kaketi pembeni, akacheka kuliko wote.

Halafu mtu mmoja nyuma akapaza sauti, "Na kawa je?"

Nikajifanya sikusikia.

"Kawa!" wengine wakadakia. "Kawa, mtoto! Tupe kawa!"

Niliahidi. Alikuwa ameniomba mwenyewe, mihogo mikononi. Nikamtazama mama, mama anafuta macho kwa upande wa khanga, hanisaidii. Nikamtazama Mzee Maganga, akainua mabega: yeye hajui kitu, yeye kaambiwa anagawa chote. Nikamtazama shehe, nikitumaini kwamba dini itanitetea. Shehe akashusha macho kwenye tasbihi yake, akasema kwa upole, "Kawa, binti."

Basi nikakaa chini mbele ya chungu ambacho hakikuwepo. "Ongeza, mwanangu," nikasema, "ongeza, jaza sahani, usione haya," na mkono wangu wa kulia ukaanza kushuka, polepole, wenyewe. Nadhani kicheko kile kilisikika Kisarawe mjini. Watu walijigaragaza. Walimu walionifundisha Msimbu walijigaragaza. Nilipoinua macho nilikuwa nalia kamasi na machozi, na katika kelele zile zote kulikuwa na mtu mmoja tu asiyecheka.

Mzee Maganga alikuwa ameketi chini, kofia iko magotini. Alisubiri watu watulie.

"Mimi ndiye niliyekuwa nachelewa," akasema.

Watu wakamgeukia.

"Nilipofika hapa sikuwa na mke wala chungu. Nachoma mkaa porini mpaka jua linazama. Nyinyi mnakuja mapema, mnaambiwa ongeza, mnakuta kawa, mnarudi kwenu mnasema Tatu mchoyo. Mimi nakuja wa mwisho, mweusi kama sufuria. Kila nikifunua kawa, changu kipo." Akapiga chafya mbili, na kwa mara ya kwanza hakuna aliyeisubiri ya tatu. "Hilo nilitaka niliseme mimi. Mengine ni ya mtoto."

Baadaye, watu walipokuwa wanakula, nilimfuata nje, nimemkasirikia. "Kwa hiyo kawa ulilijua?"

"Mimi nimemjua Tatu kabla mama yako hajaota meno. Na mbuzi ni wangu. Ningesikia."

"Kwa nini sasa ulimharibu vile?"

Akaivaa kofia, akaiweka sawa. "Mimi nami nitakufa, mtani mdogo. Ningemwigiza mimi, ningeondoka naye. Nilitaka abaki na mtu mwenye miaka mingi mbele." Kisha akaongeza, kwa sauti ya kawaida, "Lakini ule wimbo wa mbuzi haukuwa mbaya."

Hiyo ndiyo kofia niliyoletewa masijala ndani ya mfuko wa kaki.

Alipozeeka, kijana wake alimhamishia Zegereni, na huko ndiko kulikokuwa na msiba. Turubai lilikuwepo, maikrofoni ilikuwepo. Siku ya kuanua matanga ilisomwa risala, na ikasema alipenda watu wote na ameacha pengo. Mwenzangu wa meza ya pili alinisindikiza, nadhani kwa kunichunguza. Risala ilipokwisha nikasogea nyuma ya turubai, nikaivaa pama juu ya ushungi wangu, nikarudi kwa mwendo wake. Nikavuta ugoro. Nikapiga chafya moja. Nikapiga ya pili. Nikasimama, kichwa nimekiinua, mdomo wazi.

Watu mia wanasubiri.

"Itoe, mzee!" mkewe, Bi Kabula, akapiga kelele kutoka kwenye mkeka, analia, anacheka. "Itoe, tupumzike!"

Nikaitoa. Na baada ya hapo nikamfanya alivyokuwa anaingia msibani kwetu kama askari, anawaimbia mbuzi, na kutoka kwake nikapita moja kwa moja mpaka kwa mwingine, mkono nyuma ya kiuno, "Hodi! Wenyewe mpo?" Hapo Zegereni hakuna aliyemjua Bibi Tatu, lakini walicheka vilevile. Mwenzangu wa masijala alicheka mpaka akapoteza kiatu.

Nilipomaliza nilimwinamia Bi Kabula, nikampa shikamoo, nikamwambia kama nilivyofundishwa, "Mtani, sasa mkubwa ni wewe. Nitakuja nikutazame vizuri."

"Njoo tu, Mzaramo," akasema, anafuta macho. "Utaniweza wapi?"

Pembeni yake alikuwa ameketi mjukuu wake, kitoto cha kike cha darasa la kwanza, bado kimevaa sare za shule. Hakikuwa kimecheka tangu nianze. Kilikuwa kinaniangalia mimi, kisha kofia, kisha bibi yake.

Nilikuwa nje navaa viatu nilipohisi mtu ananivuta gauni.

"Shangazi," akasema. "Bibi yangu hanywi uji."

Nilimwona bibi yake asubuhi ileile na bakuli la uji, anavuta kwa sauti inayosikika barabarani. Nikachuchumaa, tukawa macho kwa macho. "Hanywi kabisa?"

"Anauogopa." Akaitupia kofia jicho. "Na akitembea anaruka. Na hajui kuongea Kinyamwezi. Na ana meno yote."

"Kumbe!" nikasema. Nikaivua kofia, nikajifuta nayo uso, nikakaa nayo hivyo kidogo. Nilipoiondoa alikuwa bado ananitazama, mikono kaikunja.

"Umeshamaliza kumwangalia?"

"Aa," nikamwambia. "Bado. Bado sana."

Akapumua, akageuka, akakimbia ndani kwa bibi yake.